Mkubwa anasema katuni ni za watoto, mdogo amekwama kwenye filamu moja

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Tanga. Asubuhi nauza vitafunio, jioni nashona. Mwanangu wa kwanza ni wa kiume, ana miaka 13. Mdogo wake ni wa kike, ana miaka 7. Baba yao yuko Muscat anaendesha gari, mwaka wa pili sasa.

Shida yangu labda itakuchekesha. Tulikuwa na desturi ya kutazama katuni sote watatu kila Ijumaa usiku. Natandika mkeka, tunakaanga bisi, taa tunazima. Desturi hiyo imekufa. Binti amekwama kwenye ile filamu ya malkia wa barafu. Ameikariri mpaka anawatangulia wanaosema, na nyimbo zake anaziimba kwa Kiingereza asichokijua. Kaka yake akisikia inaanza tu, anavaa ndala na kutoka. Anakwenda kibanda umiza cha mtaa wa pili kutazama za mapigano zilizotafsiriwa na madijei. Nikimuuliza, jibu lake ni moja: "Mama, katuni ni za watoto." Nilipomkataza kwenda alininunia mpaka nikaona bora nimwachie.

Nikajaribu kutafuta nyingine. Kijana wa duka la kuingizia filamu akanijazia flashi. Nyingi tulishaziona. Moja jalada lake lilifanana kabisa na filamu maarufu ya magari, kumbe ni kitu kingine, picha zinakwamakwama, hata binti akasinzia. Nyingine ilikuwa katuni kweli, lakini ya watu wazima. Nilirukia rimoti. Tangu siku hiyo naogopa kuweka nisichokijua.

Kiingereza chetu ni cha kubangaiza, na maandishi ya chini binti hawezi kuyafuata. Natamani filamu za safari na visa, ambazo mkubwa hataziona za kitoto na mdogo hatalala na mimi kwa woga. Zipo? Na mtu kama mimi anazijuaje? Au nimsikilize dada yangu anayesema kila mtu atazame chake?

Mama Wawili, Tanga

Marahaba, mwanangu.

Dada yako mwambie asubiri. Filamu hizo zipo, tena ni nyingi, ila mlango ulioingilia siwo. Kijana wa duka anaweka kinachoulizwa, na watu huuliza walichokiona kwenye matangazo, nayo matangazo ni ya kampuni chache kubwa za Marekani. Ukimwambia "niwekee katuni nzuri", atakupa zilezile za kila mtu, kisha ajazie makapi. (Na kwa kuwa umenipa nafasi, niseme: anachokuuzia ni nakala ya wizi, waliochora hawaambulii hata senti.)

Ile ya magari haikukufikia kwa bahati mbaya. Wapo watengenezaji ambao kazi yao ni kusubiri filamu kubwa itangazwe, halafu wanafyatua ya kwao yenye jina na jalada la kukaribiana nayo, ili mzazi mwenye haraka aokote isiyo yenyewe. Dawa yake ni kuuliza ni nani aliyeiongoza. Filamu iliyotengenezwa na mtu anayeijali kazi yake hubeba jina la mtu huyo, na ukiliandika jina hilo kwenye simu utakuta nyingine alizofanya. Ukimpenda mwongozaji mmoja, umepata filamu tatu nne kwa mkupuo. Mimi hutafuta watu kwanza, filamu zinafuata zenyewe.

Nianze na mkubwa, maana ndiye anayekimbia. Andika jina hili kwenye karatasi: Gints Zilbalodis. Ni kijana wa Latvia, nchi ndogo ya kaskazini mwa Ulaya ambayo watu wake hawafiki milioni mbili. Mwaka 2019 alitoa filamu inaitwa "Away", na karibu kila kitu humo alikifanya peke yake, kuanzia picha hadi muziki. Kijana ameangukia kisiwa asichokijua, anaokota pikipiki, na nyuma yake linamfuata jitu jeusi lisilo na haraka wala kuchoka. Basi. Hakuna anayetamka neno hata moja. Mwanao hatapata nafasi ya kusema ni ya watoto, kwa sababu haina utani wala nyimbo, ina pikipiki, barabara na hilo lidude.

Usimwite aje kutazama. Weka mwenyewe, kaa utazame, mlango ukiwa wazi.

Kisha iwe "Flow", ya mwaka 2024, ya mtu huyohuyo. Hii ndiyo ningeiweka Ijumaa ya kwanza ya wote watatu. Paka anaishi peke yake, maji yanapanda, yanafunika nyumba, yanafunika miti, na paka anajikuta kwenye jahazi na wanyama asiowapenda: mbwa, lemuri mwenye tamaa ya vitu vya kung'aa, kapibara, ambaye ni panya mkubwa wa Amerika Kusini, na karani tamba, yule ndege wa miguu mirefu anayetembea Serengeti akiponda nyoka. Nao hawasemi. Siyo kwamba wanasema Kilatvia, hawasemi kabisa. Paka analia kama paka, mbwa anabweka. Shida yako ya maandishi ya chini imekwisha hapo. Binti wa miaka 7 na mama yake wanajua kilekile kwa wakati uleule, na hakuna wa kumwambia mwenzake "ngoja nikueleze".

Mwezi Machi 2025 filamu hiyo ilichukua Oscar, ya kwanza kwa Latvia, mbele ya kazi za kampuni zenye fedha nyingi mno. Mpe kaka mtu na habari hii: ilitengenezwa kwa programu iitwayo Blender, ambayo ni ya bure kabisa. Akipata kompyuta hata ya shuleni anaweza kuipakua na kuanza kuhangaika nayo. Kijana wa miaka 13 anapojua kitu kinavyotengenezwa, neno "kitoto" humtoka mdomoni lenyewe. Mdogo anaweza kutishwa na maji yanavyokuja kwa kishindo. Mpakate.

Sasa lugha. Umeandika kwamba mwanao anapenda zile za madijei, na umeliandika kama kosa. Mimi nimeliona kama kazi ya kumpa. Mtoto anayekaa kibandani akimsikiliza dijei akisimulia mapigano ya Wachina kwa Kiswahili cha mtaani amejifunza usimulizi, hata kama hajui. Mpe sauti. Mwambie: "Hii ina Kiingereza, mdogo wako hatoboi, wewe ndiye dijei wetu leo." Atazame kwanza peke yake mchana, asome maandishi ya chini kwa nafasi yake, Kiingereza chake cha darasani kifanye kazi. Usiku awasimulie. Aongeze chumvi, abadilishe majina akitaka. Mkikosa sentensi mbili tatu za mwandishi hamtapungukiwa, maana picha mnaiona.

Ya kumwanzisha udijei ni "Long Way North" ya Rémi Chayé, Mfaransa, ya mwaka 2015. Sasha ni binti wa kitajiri wa St. Petersburg, Urusi, miaka ya 1880. Babu yake alikwenda na meli kuitafuta Ncha ya Kaskazini, hakurudi, na watu wameshaanza kumcheka. Binti anagundua kwenye karatasi za babu kwamba waliomtafuta walipita njia siyo. Hapo anatoroka nyumbani. Nakuomba uitazame kwa ajili ya sehemu moja hasa: anafika bandarini, anampa baharia hereni zake za thamani ili apakiwe, na meli inaondoka bila yeye. Mwenye mgahawa, mama mmoja mkavu wa maneno aitwaye Olga, anampa kazi ya kuhudumia wateja wakati akiisubiri meli irudi. Yule binti hakuwahi hata kubeba sahani. Filamu nyingi zingeruka hapo kwa wimbo mmoja, hii inakaa nawe mpaka umwone anavyojua kazi. Wewe unayeamka kukanda unga utamwelewa Olga kuliko wanao.

Utaona pia imechorwa bila mistari meusi ya kuzunguka watu na vitu, ni mabaka ya rangi yaliyolaliana, na theluji yake inauma macho. Karibu na mwisho kuna njaa, kuna ugomvi wa mabaharia na kuna maiti barafuni. Kaka mtu atakuwa ameshaiona mchana, kwa hiyo atajua ni wakati gani wa kumziba mdogo wake macho. Hiyo nayo ni kazi ya dijei. Mkiipenda, mtafuteni Chayé tena: "Calamity" ilipata tuzo kubwa ya tamasha la katuni la Annecy mwaka 2020, nayo ni ya msichana kwenye msafara wa magari ya ng'ombe huko Marekani ya zamani.

Ya karibu na kwetu kwa ladha ni "Kirikou na Mchawi Karaba", kama tunavyoweza kuiita, ya Michel Ocelot, 1998. Ocelot ni Mfaransa, lakini sehemu ya utoto wake aliishi Guinea, na inaonekana. Mtoto anasema kutoka tumboni mwa mama yake kwamba anataka kuzaliwa, anajizaa mwenyewe, anauliza baba na wajomba wako wapi, na anaondoka mbio kwenda kupambana na mchawi aliyekausha chemchemi ya kijiji. Muziki ni wa Youssou N'Dour wa Senegal. Kinachonifurahisha ni kwamba kila mtu mzima anaogopa Karaba, na kitoto hiki kisichofika goti kinauliza swali moja tu ambalo hakuna aliyewahi kuliuliza: kwa nini ni mbaya? Binti yako ataipenda kuliko malkia wa barafu, nina hakika hiyo. Ila ujue mapema: Kirikou yuko uchi mwanzo hadi mwisho, na wanawake wa kijiji wako vifua wazi kama ilivyokuwa zamani. Baadhi ya wasambazaji wa ng'ambo walitaka wavalishwe, Ocelot akakataa. Hakuna uchafu wowote ndani yake, lakini nyumba ni yako na mkeka ni wako. Amua wewe.

Nije kwa jambo uliloliandika mstari mmoja ukalipita. Baba yao yuko Muscat, mwaka wa pili. Hukusema mwanao alianza lini kuvaa ndala na kutoka. Sitaki kukubunia. Ila filamu mbili ninazokutajia sasa, zitazame peke yako kwanza, watoto wamelala.

Ya kwanza ni "Song of the Sea" ya Tomm Moore, 2014, kutoka studio ya Cartoon Saloon iliyoko mji wa Kilkenny, Ayalandi. Kaka na dada. Kaka anaitwa Ben, ana miaka kumi. Mdogo wake Saoirse ana miaka sita na hajawahi kusema. Wanaishi na baba kwenye mnara wa taa kisiwani. Mama alitoweka usiku aliozaliwa mdogo, na Ben hajamsamehe mdogo wake kwa hilo. Anamsukuma, anamnyang'anya vitu, anamfunga kamba kama mbwa anapoambiwa amwangalie. Halafu bibi yao anawachukua kwa nguvu kwenda mjini Dublin, wanatoroka, na inawabidi warudi nyumbani wawili, kwa miguu, kwa basi, kwa vichochoro. Njiani Ben anajua kwamba mdogo wake ni selkie, kiumbe wa hadithi za huko: baharini ni sili, nchi kavu ni binadamu. Wazee wa pwani yetu waliosimulia habari za nguva wasingeshangaa hata kidogo.

Humo kuna bibi mmoja nusu bundi ambaye huwanyonya watu huzuni zao na kuzifungia kwenye mitungi ya kioo, na wao wanageuka mawe. Anafanya hivyo kwa huruma, anadhani anawasaidia. Kwetu bundi ana sifa zake, na binti yako pengine ameshasikia mambo kuhusu bundi paani, kwa hiyo mwambie mapema. Lakini mwangalie kaka mtu kwenye sehemu ya mitungi. Usimwulize chochote siku hiyo. Nimeona filamu nyingi za ndugu wanaopendana kuanzia dakika ya kwanza, na huwa nazisahau. Hii inamwacha kaka awe mkorofi kweli, mtoto mkorofi kama walivyo, na haimsamehe haraka. Picha zake zimechorwa kwa mkono, mawimbi yanazunguka kama mapambo ya kanga. Mwaka wake iligombea Oscar ikashindwa.

Ya pili inauma zaidi. Ni "Boy and the World" ya Alê Abreu wa Brazil, 2013. Baba anapanda treni kwenda kutafuta kazi, na mtoto mdogo, kichwa duara na miguu kama njiti, anabeba sanduku na kwenda kumtafuta. Anapita mashamba ya pamba, anapita viwanda, anafika mjini. Imechorwa kwa kalamu za rangi, kama mtoto mwenyewe ndiye aliyechora, na maneno machache yanayotamkwa humo ni Kireno kilichogeuzwa kinyumenyume, kwa hiyo hakuna mtu duniani anayehitaji kutafsiriwa. Muziki wake utakuchukua. Sikushauri uiweke kwa ghafla mbele ya watoto ambao baba yao kapanda ndege kwa sababu ileile. Itazame, kisha pima. Pengine ni ya kusubiri baba arudi likizo.

Kwa siku umeme ukikatika, nina kitu cha zamani sana. Mjerumani Lotte Reiniger alitoa mwaka 1926 "The Adventures of Prince Achmed", filamu ndefu ya katuni iliyo kongwe kuliko zote zilizosalia mpaka leo, miaka 11 kabla ya ile ya kwanza ndefu ya Disney. Alikata watu na majini kwa mkasi kutoka karatasi ngumu na mabati membamba ya madini ya risasi, akaunganisha viungo kwa waya, akavisogeza kidogo kidogo juu ya kioo chenye taa chini yake, picha moja baada ya nyingine, kwa miaka mitatu. Vivuli tu. Hadithi yake imetoka Alfu Lela Ulela: farasi arukaye, mchawi, Aladini na taa yake. Ni filamu bubu yenye maandishi machache katikati, dijei wako atamaliza kazi kirahisi. Itazameni siku umeme upo. Siku ukikatika, mpe binti mkasi, katoni ya maziwa na tochi ya simu, ukuta mnao. Wewe fundi wa kushona, hilo la kukata umbo huhitaji kufundishwa.

Za Afrika ya sasa nazo usizipite. Studio ya Triggerfish ya Cape Town ilitoa "Adventures in Zambezia" mwaka 2012 na "Khumba" mwaka 2013, ya pundamilia mwenye milia nusu mwili. Ni nyepesi, za kucheka, mdogo atafurahi, mkubwa atavumilia. Kwa mkubwa iko "Kizazi Moto" ya 2023, filamu fupi kumi za Afrika ya kesho, mojawapo ya Ng'endo Mukii wa Kenya na nyingine ya Raymond Malinga wa Uganda. Fupi ni nzuri kwa mtoto mwenye ndala mkononi, maana kabla hajaamua kutoka imekwisha na nyingine imeanza.

Ukizimaliza hizi utafute vipi nyingine? Orodha za walioshindwa. Kila mwaka Oscar ya katuni huwa na washindani wachache, mmoja anachukua, magazeti yanamsahau aliyebaki. Soma majina ya hao waliobaki tangu 2002, tuzo hiyo ilipoanza kutolewa. Kisha soma washindi wa Annecy huko Ufaransa, tamasha la katuni tupu lililoanza mwaka 1960. Ukipata jina, soma angalizo la umri kabla ya kutazama, usitegemee rangi za jalada. Hilo ndilo lililokuponza kwenye ile ya watu wazima: picha ya kuchorwa haimaanishi ya watoto, na huko Annecy ziko nyingi ambazo hata mimi nazitazama mlango nimefunga.

Kuzipata, nyingine hukodishwa au huuzwa mtandaoni. Pakua mara moja usiku wa bando la bei nafuu, usitazame moja kwa moja ukaliwa salio katikati ya barafu. Ukipita Dar es Salaam, ulizia Alliance Française kuhusu hizo za Kifaransa. Na popote unapouliza, taja jina la filamu kama lilivyo, pamoja na mwaka na mwongozaji, usiseme "ile ya paka".

Kibanda umiza usikipige marufuku tena. Mwekee saa ya kurudi, na Ijumaa iwe ya nyumbani. Binti naye asinyang'anywe malkia wake. Apewe Jumapili asubuhi, wakati kaka yuko mpirani.

Baba yao mtumie majina haya kabla ya Ijumaa. Oman mapumziko yao ni Ijumaa na Jumamosi, na saa yao iko mbele ya yetu kwa saa moja tu. Aitazame "Flow" kwenye simu siku hiyohiyo, halafu apige. Akimuuliza mwanawe kwa nini paka alikubali kupanda lile jahazi, watakuwa na la kuzungumza zaidi ya "shule vipi" na "umekula".